Kuanua Matanga ya Kemilembe

Moto uliokuwa ukifuka uani mwa nyumba ya Mwalimu Nathaniel Maige, kule Butimba, haukuwa wa kupikia. Ulikuwa wa gogo moja nene la mkaratusi, lililolazwa kati ya mawe bila sufuria juu yake. Kando ya gogo hilo, juu ya mkeka, aliketi mkwe wa mwalimu, Mzee Rutashobya, miguu ameinyoosha na blanketi ameliweka begani. Ndevu zake hazikuwa zimeguswa na wembe tangu Pasaka. Mbele yake alikuwa ameweka sahani ya bati, tupu, kama inavyowekwa mahali penye msiba.

Mama Queen, jirani wa ukuta wa pili, aliyaona hayo yote kupitia geti lililoachwa wazi. Alisimama, akarekebisha kanga yake, akaingia kwa hatua za taratibu.

"Hodi humu. Jamani, poleni. Shikamoo mzee."

"Marahaba, mama. Tumekwisha poa. Karibu mkekani."

"Tunaona moto, tunaona sahani, wala hatujatangaziwa. Ni nani aliyetutoka?"

"Binti yangu," alijibu mzee kwa utulivu. "Kemilembe. Ndiye aliyekuwa mke wa mwenye nyumba hii."

Mama Queen alikuwa amekwisha kuutia mkono katika pindo la kanga kutafuta rambirambi. Wakati huo huo mlango wa jikoni ulifunguka, akatoka Kemilembe mwenyewe, amebeba kikombe cha uji. Mkono wa Mama Queen ulibaki pale pale ulipokuwa.

"Mama Brightness," alisema hatimaye. "Kumbe ni wewe?"

"Ni mimi."

"Nina maana... ndiye wewe uliyekufa?"

Kemilembe alimpita hadi mkekani. Alipiga magoti, akampa baba yake uji. Mzee aliupokea kwa mikono miwili, kama mtu anavyopokea kitu nyumba ya ugenini.

"Asante sana, mama," alimwambia. "Majirani mnatuhudumia. Mungu awazidishie."

Mama Queen aliaga haraka. Hakuwa mtu mbaya, lakini hakuweza kuufikia mlango wake kabla kicheko hakijamtoka, na kicheko hicho kilisikika hadi uani. Kufikia alasiri habari ilikuwa imefika gengeni. Kemilembe alipokwenda kununua kitoweo, muuza samaki alimkaribisha kwa sauti ya kuwafikia wote waliokuwa kwenye foleni.

"Marehemu, leo unachukua sato au sangara?"

Alichukua dagaa, akaondoka.

Watu wa Mwanza hawakuwahi kukubaliana juu ya kazi ya Kemilembe. Wengi walimwita yule dada wa vituko. Aliwahi kusimama katika soko la samaki la Kirumba akiwa na bonge la barafu kichwani mpaka likayeyuka lote na kumlowesha, huku mpiga picha wake, Revocatus, akirekodi nyuso za wanunuzi. Aliwahi kutembea kinyumenyume kutoka Kisesa hadi mjini akiwa amebeba kioo cha kabati, ili barabara ijione. Alipokwenda kuomba kibali, afisa mmoja alimwuliza kama kazi yake ni ngoma, maigizo au filamu. Alijibu kwamba ni vyote. Afisa aliitazama karatasi, akamtazama yeye, akasema, "Dada, hapa hapana nafasi ya kuandika vyote." Lakini huko nje, katika majumba ya sanaa ya miji ambayo mumewe aliijua kwa ramani tu, watu walikaa gizani wakaitazama kazi hiyo hadi mwisho, kisha wakasimama.

Filamu iliyompeleka mbali zaidi iliitwa *Nilazeni Hapa*. Aliitengeneza miaka miwili kabla ya moto ule wa uani. Ndani yake analala juu ya jabali pana ufukweni, upande wa Nyegezi, akiwa maiti. Baba yake anapiga magoti na kumfunika kwa lubugo, vazi la gome la mti ambalo Wahaya wa zamani waliwazikia watu wao. Wanawake wa jumuiya wanaimba, moto wa gogo unawaka, na maji ya ziwa yanaligonga jabali mpaka picha inazimika.

Katika kazi zake Kemilembe alikuwa na sheria, naye alizishika kwa ukali ambao hata mumewe, mtu wa hesabu, aliuheshimu. Hakuna mazoezi. Hakuna kurudia. Mshiriki haigizi, anafanya kama ambavyo angefanya. Tena mshiriki hamwoni msanii akiinuka. Anaondoka akiwa na kile alichokibeba. Kwa sababu hiyo, siku ile ya jabali, wanawake walimwongoza Mzee Rutashobya hadi barabarani huku binti yake bado amelala chini ya lubugo, na Revocatus alikuwa ameagizwa azime kamera kabla Kemilembe hajainuka.

Kabla ya kuondoka, mzee alikuwa ameuliza, "Na matanga tutaanua lini?"

"Hatuanui, Tata," alijibu Kemilembe kutoka chini ya vazi. "Filamu inaishia hapa."

"Msiba hauachwi hivi, mwanangu."

"Huu si msiba. Ni kazi."

Wakati huo akili ya mzee ilikuwa timamu. Jioni walikula pamoja mezani, akacheka mpaka akajifuta machozi, akamwuliza binti yake ni nani atakayemrudishia nauli ya makaburini. Kisha ugonjwa ukaanza kumchukua. Ulichukua majina ya vitu, ukachukua njia ya kwenda kanisani, ukachukua miaka mizima ya ualimu wake wa shule ya msingi. Mlo ule wa jioni nao ukachukuliwa. Jabali, lubugo na moto vikabaki.

"Daktari anasema ni kifua," alisema Nathaniel jioni ya siku ile aliyokuja Mama Queen. Walikuwa jikoni, kikohozi cha mzee kilisikika kutoka sebuleni, alikolala juu ya sakafu kwa sababu mfiwa halali kitandani.

"Nimesikia."

"Akiendelea kulala kwenye saruji, Kemi, itageuka nimonia. Haogi, hanyoi, chakula chenyewe anakionja tu."

"Nathaniel, nimesikia."

"Basi zungumza naye."

"Nizungumze naye kama nani? Mimi ni mama wa uji. Zungumza naye wewe, mkwe wake."

Nathaniel aliifunga kofia ya chupa ya dawa, akaifungua, akaifunga tena. "Nimezungumza naye. Nilimwambia, baba, kitanda kipo, panda ulale. Akanishika mkono akalia. Akanishauri nisioe haraka, kwa ajili ya Brightness."

Kemilembe alianza kucheka. Mumewe naye akacheka kidogo, kwa kuwa wa kuchekwa walikuwa wao wote wawili. Halafu kicheko cha Kemilembe kikabadilika, wakasikiliza kikohozi.

Kesho yake Kemilembe alimwita Revocatus, aje na kompyuta yake.

"Nataka sehemu ya mwisho," alimwambia. "Ile ninapoinuka."

Revocatus, mtu mzima mwenye mvi za kwanza kidevuni, alimtazama kwa huruma. "Dada Kemi, hakuna. Uliniambia nizime."

"Hata kidogo? Hata kwa bahati mbaya?"

"Mimi huwa sifanyi kwa bahati mbaya. Ndiyo maana ulinichagua."

Walimwonyesha mzee filamu vivyo hivyo. Mzee Rutashobya aliisogelea kompyuta, akainama, akaigusa kwa kidole mahali palipokuwa na uso wa binti yake. "Ndiye huyu," alisema. "Ndiye mwanangu. Mlimwona alivyotulia?" Aliomba irudiwe. Iliporudiwa mara nyingine, Kemilembe alifanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya katika kazi yake yote. Aliivunja ile sheria ya kutorudia. Alijilaza chali mkekani, mikono ubavuni, uso juu, kama alivyolala jabalini, akajifunika kwa blanketi la baba yake hadi shingoni.

"Tata," aliita. "Nitazame mimi. Ni mimi niliye hapo kwenye picha. Nilikuwa nimelala tu. Sasa tazama, ninainuka."

Akainuka. Akaketi. Akanyoosha mikono ili amwone yuko mzima.

Uso wa mzee ulikakamaa. Alilivuta blanketi lake, akalikunja magotini kwa uangalifu.

"Mama," alisema, na sauti yake ilikuwa ile ya darasani, ya mwalimu anayemkanya mtoto wa watu wenye adabu zao. "Umetupikia, umetufulia, tumekushukuru. Lakini usicheze na msiba wa wenzako."

Revocatus aliifunga kompyuta. Brightness, binti wa Kemilembe, aliyekuwa kidato cha pili na aliyeyaona yote akiwa mlangoni na sare yake ya shule, aligeuka akarudi chumbani bila kula.

Wiki hiyo hiyo mama mmoja wa jumba la sanaa la Ulaya alipiga simu. Jumba hilo lilikuwa limemwalika Kemilembe kwenda kukaa huko muda mrefu na kutengeneza kazi mpya, na mwaliko wenyewe ulikuwa umebakiza kusainiwa tu. Kemilembe alimweleza kwa nini anasita. Yule mama alisikiliza, akatoa pole. Kisha akauliza kwa upole sana kama walikuwa wakirekodi. Kwa maoni yake, kazi ilikuwa bado haijakwisha, na mzee alikuwa ndiye anayeiendeleza.

"Anasemaje?" aliuliza Revocatus simu ilipokatika.

"Anauliza kama tunarekodi."

Revocatus aliangalia chini. "Hata mimi wazo hilo lilinijia."

"Hata mimi," alisema Kemilembe. "Lilinijia asubuhi ile ile, nikiwa bado nimeshika kikombe cha uji. Kwa hiyo peleka kamera nyumbani kwako, Revo. Usiilete hapa."

Ma Wilhelmina, dada wa Mzee Rutashobya, alifika kwa basi la Bukoba, akapokewa stendi ya Nyegezi na Nathaniel. Alikuwa mkunga mstaafu, mnene, mwenye sauti ya kuamrisha kina mama wasukume. Aliketi na kaka yake mkekani muda mrefu, wakizungumza Kihaya. Mzee alimtambua bila shida yoyote, akamlaumu kwa kuchelewa msibani. Baadaye Ma Wilhelmina aliingia jikoni, akavuta kigoda.

"Shikamoo shangazi," alisema Kemilembe.

"Marahaba. Naona wewe ndiye marehemu." Hakucheka. "Nieleze, waitu, mwanangu. Huko jabalini mlitumia lubugo la kweli?"

"La kweli. Lilitoka Kiziba."

"Na moto mliwasha?"

"Tuliwasha."

"Ukazimwa na nani?"

Kemilembe alifikiri. "Ulijizimikia. Mvua ilinyesha usiku."

"Mliwaanua watu? Walinawa? Jivu lilifagiliwa?"

"Shangazi, ilikuwa filamu."

"Sijakuuliza ilikuwa nini. Nimekuuliza mlifanya nini." Ma Wilhelmina alipangusa jasho kwa ncha ya kitenge. "Mmefungua msiba kwa utaratibu wote, mkamweka mtu mzima mkekani, mkaondoka. Sasa mnashangaa hajaondoka. Mnasema ni mgonjwa. Kaka yangu ni mgonjwa, nakubali, nimeona vyeti. Lakini katika nyumba hii yeye ndiye anayefuata mambo kama yalivyo."

"Sasa tufanye nini?"

"Tuanue matanga. Jumamosi. Moto uzimwe, jivu lifagiliwe, anyolewe, anawe, ale. Mfiwa akishaanuliwa huinuka mkekani. Akiinuka, macho yake yatafunguka, naye atakuona."

"Una hakika?"

"Nimewaanua wengi," alisema Ma Wilhelmina, na hilo lilikuwa kweli, ingawa halikuwa jibu.

Nathaniel alipoelezwa, alilitafuta kosa katika hoja, kama afanyavyo akisahihisha. Alisema tu kwamba mzee akipanda kitandani, hilo peke yake litatosha. Kemilembe hakumsikia vizuri. Alikuwa ameshika neno moja la shangazi yake, kwamba atamwona, na kwa kuwa hakuna mtu mwingine aliyekuwa amempa neno lolote la kushika, alilishika hilo kwa mikono yote.

Jumamosi wanawake wa jumuiya walikuja, wale wale walioimba jabalini. Wawili watatu walikuwa wakibana vicheko ndani ya kanga, lakini walipomwona mzee amevaa kanzu nyeupe na koti lake la zamani, kifua kikimpanda na kushuka kwa shida, walitulia. Viti vilipangwa uani. Ma Wilhelmina alikuwa tayari kuanza, ndipo Mzee Rutashobya alipoinua mkono.

"Kijana wa picha yuko wapi?"

Watu walitazamana.

"Siku ya kumfunika alikuwepo," alisema mzee. "Alisimama upande wa majini. Hatuwezi kuanua kama hayupo. Aliufungua msiba pamoja nasi, naye aufunge."

Brightness alitumwa kupiga simu. Revocatus alifika na mfuko wake, akapitia mlango wa nyuma hadi chumbani, ambako Kemilembe alikuwa akingoja amevaa gauni jipya la kitenge. Kwa mpango wa Ma Wilhelmina, marehemu asingeonekana mpaka mambo yote yakamilike.

"Anaitaka kamera," alisema Revocatus. "Nifanyeje?"

"Isimamishe. Toa kadi."

"Nirekodi hewa?"

"Simama tu kama ulivyosimama. Hii si kazi, Revo. Hii nataka iwe ya kweli."

Alitoa kadi, akamwekea mkononi, akatoka. Kupitia pazia la dirisha Kemilembe alimwona akiitega kamera upande wa kushoto kama siku ya jabali, jicho la kamera limeelekezwa kwa mzee, halina kitu ndani.

Ma Wilhelmina alimnyoa kaka yake ndevu na kichwa. Mzee alitulia, macho ameyafumba. Nathaniel alilimwagia gogo maji, moshi mweupe ukapanda, na wanawake wakalifagia jivu hadi nje ya geti wakiimba kwa sauti ya chini. Sahani ya bati iligeuzwa, ikafunikwa. Kisha, kama ilivyo desturi, baba wa marehemu alipewa nafasi ya kusema.

"Watu waliniuliza," alianza Mzee Rutashobya, "binti yako anafanya kazi gani? Nami niliwaambia ni mwalimu. Miaka yote niliwaambia hivyo, hata padri. Maana ningewaambia nini? Kwamba anabeba barafu sokoni? Kwamba anakwenda kinyumenyume barabarani?"

Mtu mmoja alicheka, mzee naye akatabasamu.

"Nilikwenda kumtazama siku ile ya barafu. Hakujua. Nilijificha nyuma ya magunia ya dagaa. Niliona watu wanaohesabu samaki wameacha kuhesabu. Wachukuzi wameacha kubeba. Wamesimama wanamtazama mtu anayeumia kwa baridi, na hakuna aliyejua la kufanya. Nikasema moyoni, mimi nimefundisha muda mrefu, sijawahi kulinyamazisha darasa namna hii." Alikohoa, akangoja kikohozi kipite. "Sikumwambia. Nilidhani nitamwambia siku nyingine. Nawaambia ninyi mliokuja. Yule kijana wa picha naye amechukua, kwa hiyo hayatapotea."

Nyuma ya pazia, Kemilembe aliitazama ile kadi ndogo nyeusi katika kiganja chake. Alipiga hatua kuelekea mlangoni, akasimama. Hakukuwa na namna ya kumpelekea Revocatus kadi bila kukatiza, na maneno yalikuwa yamekwisha kusemwa. Uani, Revocatus alikuwa ameinamia kamera bila kuinua uso.

Mzee alinawa. Ma Wilhelmina alitoa ishara, na Brightness akaja kumshika mama yake mkono. Walitoka pamoja kwenye mwanga wa uani. Nathaniel, aliyesema kitanda peke yake kingetosha, alikuwa amesimama wima kuliko kawaida. Kemilembe alitembea hadi mbele ya kiti cha baba yake, akapiga magoti.

"Shikamoo, Tata."

Mzee Rutashobya alimtazama. Alimtazama kwa muda, na uso wake uliokwisha kunyolewa ulikuwa safi, mtulivu, hauna tena ule uzito wa mkekani. Macho yake yalikuwa yamefunguka kweli kama alivyoahidi Ma Wilhelmina.

"Marahaba, mama," alisema kwa ukarimu. "Karibu sana. Umechelewa kidogo, tumekwisha anua. Lakini chakula bado kipo." Akageuka, akamwambia Brightness, "Mjukuu wangu, mtafutie mgeni kiti."

Brightness alileta kiti.

Tangu siku ile mzee alipona yale yaliyoweza kupona. Alioga. Alipanda kitandani bila kuombwa. Alikula ndizi na maharage, akauliza kama hakuna samaki, akala na samaki. Kikohozi kilipungua siku baada ya siku. Hakulia tena wala hakuomba kuonyeshwa filamu. Alipotaja jina la Kemilembe, alilitaja kama anavyolitaja jina la marehemu mkewe, kwa upendo na bila maumivu, kisha akaendelea na habari nyingine. Asubuhi moja alionekana sebuleni amevaa viatu, mfuko wake uko magotini.

"Ninangoja usafiri," alimwambia Nathaniel. "Msiba umekwisha, mkwe. Mtu akibaki baada ya matanga anawalemea wenye nyumba."

Jikoni, Kemilembe alimshika shangazi yake mkono. "Mzuie. Mwambie akae. Mwambie chochote."

"Nimwambie akae kwa nani?" Ma Wilhelmina aliuliza. Sauti yake ya wodini ilikuwa imempotea. "Alikaa hapa kwa ajili ya msiba wako. Sikuliona hilo, mwanangu. Nilidhani nakurudishia baba. Nilikuwa namfungulia mlango." Alimfuta mpwa wake machozi kwa kiganja kikavu. "Nitakwenda naye. Kule nyumbani shamba analijua, migomba anaijua. Sitamwacha."

"Anakula, Kemi," alisema Nathaniel kwa upole. "Analala kitandani, kifua kimefunguka. Si ndicho tulichokuwa tukiomba?"

"Ndicho ulichokuwa ukiomba wewe."

Nathaniel alikubali kwa kichwa, akatoka kuita teksi.

Iliwabidi wawahi meli. Dereva alipakia mifuko huku Mzee Rutashobya akiwaaga watu getini mmoja mmoja, bila haraka, kama mwalimu mkuu siku ya kufunga shule. Alimbariki Brightness kwa kumwekea mkono kichwani. Alimshika Nathaniel mikono yote miwili.

"Nilikuambia usioe haraka. Sasa nakuruhusu. Nyumba haikai hivi." Akashusha sauti, lakini si kiasi cha kutosha. "Hata huyu mama anayewasaidia, namwona ana moyo. Mtoto amemzoea."

Nathaniel alichukua mfuko wa mwisho, akampa dereva.

Mwisho mzee alimfikia Kemilembe. Alitia mkono katika mfuko wa koti, akatoa kifurushi kidogo cha jani la mgomba lililokauka. Ndani yake mlikuwa na buni za kutafuna, zile ambazo kwao mwenyeji humpa mgeni akimheshimu. Alichagua kwa kidole zilizo nzima, akazimwagia kiganjani mwa Kemilembe, akakikunja kiganja hicho kwa vidole vyake mwenyewe.

"Wewe hukuwa ndugu," alisema, "lakini ulikaa nasi tangu mwanzo mpaka mwisho. Mtu aliyekulea alikulea vizuri. Baba yako yupo?"

Ma Wilhelmina aligeuza uso upande wa barabara. Kemilembe alizihisi buni mkononi, ndogo, ngumu, zenye joto la koti la baba yake.

"Yupo," alisema.

"Basi msalimie sana," alisema mzee, akainama, akaingia garini.